Mafao ya Kustaafu na Deni la Kudhamini

Barua ya kumdai mdhamini huwa fupi. Inataja jina la mkopaji, nambari yake ya uanachama na salio la mkopo, kisha inamkumbusha anayeipokea kwamba alitia sahihi fomu ya udhamini, na kwamba muda fulani ukipita bila malipo chama kitaigeukia akiba yake au mshahara wake. Nchini Kenya, ambako sehemu kubwa ya mikopo ya SACCO, yaani vyama vya akiba na mikopo, hutolewa kwa sahihi za wafanyakazi wenza, bila hati ya shamba, barua ya namna hii inajulikana vyema na walimu, polisi, wauguzi na makarani. Akiipata mtu wa miaka 35, hununa, humpigia mkopaji simu isiyopokelewa, mwishowe hulipa kidogo kidogo. Akiipata mtu wa miaka 59, swali lake huwa tofauti: je, deni hili litanifuata hadi kwenye pensheni?

Kwa sheria, si rahisi. Mafao ya uzeeni yamezungushiwa ukuta ambao mdai haupandi hivihivi. Lakini ukuta huo una mlango, na ufunguo wake anao mstaafu mwenyewe. Wengi huufungua mapema kuliko inavyowapasa: wengine kwa aibu, wengine kwa vitisho vya madalali, wengine kwa kutojua kwamba walikuwa na fedha nyingine za kutangulia. Wapo pia wanaokosea upande wa pili, wakang'ang'ania kutolipa deni ambalo ni lao kisheria huku riba ikila polepole kile wanachodhani wanakilinda.

Deni linavyomfikia mdhamini

SACCO nyingi humruhusu mwanachama kukopa hadi mara tatu ya akiba yake. Mwenye akiba ya shilingi 300,000 anaweza kupewa 900,000. Akiba yake inasimamia theluthi ya kwanza ya mkopo. Theluthi mbili zilizobaki zinasimamiwa na akiba za wenzake waliotia sahihi. Hapo ndipo udhamini unapokaa: kwenye akiba, si kwenye pensheni wala kwenye kiwanja cha kijijini. Hisa ni jambo jingine. Mwanachama anayejitoa hurudishiwa akiba yake, ila hisa kwa kawaida hazirudishwi bali huhamishiwa mwanachama mwingine, kwa hiyo kiasi kinachoonekana kwenye taarifa ya mwaka si chote kinachoweza kwenda benki siku ya kustaafu.

Tuchukue mkopo huohuo wa 900,000. Mkopaji amelipa kwa muda, akaacha kazi salio likiwa 700,000. Hatua ya kwanza ni chama kuichukua akiba yake yeye mwenyewe, zile 300,000, na kuipunguza kwenye deni. Zinabaki 400,000. Kukiwa na wadhamini wanne na chama kikagawa sawasawa, kila mmoja atadaiwa 100,000. Vyama vingine hugawa kulingana na kiasi ambacho kila mdhamini aliandika kwenye fomu, na hapo aliyeandika kikubwa atabeba kikubwa. Hesabu hii ionekane kwenye karatasi. Mdhamini anayepokea barua isiyoonyesha akiba ya mkopaji ilivyotumika ana haki ya kuuliza ilikwenda wapi, na aulize kabla ya kutoa hata senti moja.

Kuna kifungu kwenye fomu nyingi ambacho husomwa deni likishaiva: kwamba wadhamini wanawajibika kwa pamoja na kila mmoja peke yake. Maana yake, wengine watatu wakipotea, chama kinaweza kumdai mmoja aliyebaki deni zima. Na anayebaki mara nyingi ni yule mwenye mshahara wa uhakika au aliye karibu kustaafu, kwa sababu fedha zake zinaonekana.

Kabla ya kufikiria pensheni, mambo manne yachunguzwe. La kwanza, je, sahihi ni yake? Sheria ya Mikataba ya Kenya, Sura ya 23, inataka ahadi ya kulipa deni la mtu mwingine iwe ya maandishi na iwe na sahihi ya anayeahidi. Ahadi ya mdomo haimpeleki mtu mahakamani. La pili, je, mkopo uliodhaminiwa ndio huu unaodaiwa? Mkopaji aliyepewa nyongeza juu ya mkopo wa zamani, muda ukarefushwa na kiasi kikabadilika bila wadhamini kuitwa, amewapa wadhamini hoja nzito. Kanuni ya sheria ni kwamba masharti yakibadilishwa bila idhini ya mdhamini, mdhamini anaweza kuwa amefunguliwa, isipokuwa kama fomu aliyotia sahihi iliruhusu mabadiliko hayo. La tatu, mkopaji yuko hai? SACCO nyingi hukata kila mkopo ada ndogo ya bima, na mkopaji akifariki bima ndiyo hulipa salio. Wapo wadhamini waliolipia marehemu kwa sababu tu hakuna aliyepeleka cheti cha kifo. La nne linamhusu mwajiri. Mamlaka ya kusimamia SACCO nchini Kenya, SASRA, imekuwa ikitaja mara kwa mara waajiri, vikiwemo vyuo vikuu vya umma na serikali za kaunti, wanaokata mishahara ya wafanyakazi na kutoipeleka fedha hiyo kwenye chama. Mkopaji anaweza kuonekana mkaidi kwenye mfumo ilhali hati zake za mshahara zinaonyesha alikatwa kila mwezi. Deni la namna hiyo ni la mwajiri, na mdhamini ahimize lidaiwe huko.

Sheria inalinda nini, na inaishia wapi

Sheria ya Mafao ya Kustaafu ya Kenya ya 1997, ile iliyoanzisha RBA, mamlaka ya kusimamia mafao ya kustaafu, ina kifungu cha 36 kinachofaa kujulikana na kila mdhamini. Kinasema kwamba hata kukiwa na hukumu dhidi ya mwanachama wa mfuko wa pensheni, michango na fedha zake zilizomo humo haziwezi kukamatwa kutekeleza hukumu hiyo ila kwa kufuata kanuni za mfuko wenyewe. Dalali mwenye amri ya mahakama anaweza kuchukua gari. Hawezi kuingia ofisi ya mfuko akatoka na hundi. Sheria hiyohiyo, katika kifungu cha 38, inakataza fedha za mfuko kutumika kumkopesha mtu yeyote, moja kwa moja au kwa kuzunguka.

Wafanyakazi wa serikali waliobaki kwenye utaratibu wa zamani wa pensheni, usio na michango, wana ulinzi wao katika Sheria ya Pensheni, Sura ya 189: pensheni haihamishwi kwa mtu mwingine wala haikamatwi, isipokuwa kwa mambo machache kama deni la serikali yenyewe. SACCO si serikali, hata kama wanachama wake wote ni watumishi wa serikali. Wale walioingizwa kwenye mfuko mpya wa watumishi wa umma ulioanza Januari 2021, ambamo mfanyakazi huchangia hadi asilimia 7.5 na serikali asilimia 15, wamo ndani ya mfumo unaosimamiwa na RBA.

Jambo moja zaidi, nalo huokoa familia. Kifungu cha 36A kinasema mafao yanayolipwa mwanachama akifariki si sehemu ya mirathi yake. Wasimamizi wa mfuko huwalipa wanaostahili kwa kufuata kanuni za mfuko. Wadai hulipwa kutoka kwenye mali ya marehemu. Kwa hiyo mjane anayeambiwa na afisa wa mikopo kwamba fedha za pensheni ya mumewe hazitaguswa hadi deni alilodhamini liishe ameambiwa lisilo sheria. Akiba ya marehemu ndani ya SACCO ni habari nyingine. Hiyo chama kinaishikilia na kina haki ya kudai deni humo.

Ulinzi huu wote unahusu fedha ikiwa ndani ya mfuko. Ikishatoka na kuingia akaunti ya mstaafu, ni fedha kama nyingine. Mahakama inaweza kuamuru akaunti hiyo ishikwe. Benki inayomdai, ikiwa ndiyo hiyohiyo anayopokelea kiinua mgongo, inaweza kujilipa kutoka kwenye akaunti kabla mteja hajafika dirishani. SACCO yenye huduma za kibenki, ile sehemu inayoitwa FOSA, nayo huwa na sharti la namna hiyo kwenye fomu za kufungua akaunti. Ushauri wa kawaida wa kupokelea pensheni FOSA ili mikopo ipatikane haraka una faida zake, lakini mdhamini mwenye mgogoro na chama hichohicho afikirie mara mbili. Kupokelea mafao kwenye taasisi isiyomdai si kukwepa deni. Ni kuhakikisha kwamba uamuzi wa kulipa, na kiasi cha kulipa, unabaki mkononi mwake.

Wanaotaka kutoa mafao kabla ya wakati

Mdhamini wa miaka 44 aliyebanwa anaweza kusikia ushauri huu kwenye kantini ya kazini: acha kazi, chukua mafao, lipa deni, utafute kazi nyingine. Ni ushauri mbaya hata kabla ya kupiga hesabu. Anayeacha kazi kabla ya umri wa kustaafu hupata michango yake yote lakini nusu tu ya ile ya mwajiri; nusu nyingine hukaa hadi afikie umri unaotakiwa. Fedha inayotolewa mapema inaweza pia kukatwa kodi ambayo mstaafu wa kawaida hailipi. Halafu mshahara unakatika, na mshahara ndio uliokuwa njia rahisi ya kulipa deni kidogo kidogo. Anayefanya hivyo amebadilisha deni la 100,000 la mtu mwingine na uzee wake mwenyewe.

Wengine huuliza kama pensheni inaweza kuwekwa dhamana bila kutolewa. Kwa nyumba, ndiyo. Kanuni za 2009 zinamruhusu mwanachama kuweka hadi asilimia 60 ya mafao yake kama dhamana ya mkopo wa nyumba, na kanuni za 2020 zinaruhusu hadi asilimia 40, isiyozidi shilingi milioni 7, kununulia nyumba ya kuishi. Hakuna ruhusa kama hiyo kwa deni la kumdhamini mtu. Wakala anayeahidi kuifungua pensheni kwa njia ya nyumba ambayo haipo anamwingiza mtu kwenye udanganyifu, na sahihi itakuwa ya mwenye pensheni.

Fedha ipi itangulie

Anayetaka kulipa ana mifuko kadhaa, na mpangilio wake una uzito zaidi kuliko kiasi.

Ya kwanza ni mali ya mkopaji. Kwa mshangao wa wengi, mara nyingi bado ipo. Akiacha kazi au akistaafu, mwajiri anaweza kuwa anamdai na pia anadaiwa naye: mshahara wa mwezi wa mwisho, likizo ambazo hakwenda, malipo ya notisi, kiinua mgongo kinacholipwa na mwajiri mwenyewe nje ya mfuko wa pensheni. Fedha hizi haziko nyuma ya ukuta wa kifungu cha 36. Sheria ya Ajira ya 2007 inaruhusu makato ambayo mfanyakazi ameyaomba kwa maandishi, mradi jumla ya makato isizidi theluthi mbili ya mshahara. Mdhamini aliye kazini pamoja na mkopaji anaweza kumpeleka idara ya rasilimali watu kabla ya siku ya kuaga, waandike barua fupi ya kuelekeza sehemu ya malipo hayo kwenye chama. Siku ya keki na hotuba ikishapita, simu huanza kutopokelewa.

Kama mkopaji ndiye anayestaafu na pensheni yake iko kwenye mfuko, chama hakiwezi kuikamata, lakini yeye anaweza kuilipia deni lake kwa hiari fedha ikimfikia. Vyama humtaka asaini karatasi ya kuahidi mafao yake. Mdhamini asiitegemee sana karatasi hiyo. Wasimamizi wa mfuko hufuata kanuni zao, na mstaafu anaweza kubadilisha akaunti. Afadhali mkopaji akubali kuweka maagizo ya kudumu benki, na wadhamini wajue tarehe mafao yanapotarajiwa. Wanne wakikaa naye meza moja wiki hiyo, bila matusi, hupata zaidi kuliko wanachopata kwa mawakili miezi minane baadaye.

Ya pili ni akiba ya mdhamini ndani ya SACCO. Hii ndiyo aliyoweka rehani, na ndiyo itakayozuiwa akijaribu kujitoa. Wastaafu wengi huhesabu akiba hii kama mtaji wa duka au wa kuku, wakafika ofisini wakaambiwa haitoki hadi wakopaji waliowadhamini wamalize kulipa au wapate wadhamini wengine. Ndiyo maana kazi ya kubadilishana wadhamini ianze miaka miwili kabla, sio miezi miwili. Orodha ya mikopo ambayo mwanachama ameidhamini hupatikana kwa kuomba. Mkopaji anayelipa vizuri kwa kawaida hatakataa kutafuta mtu mwingine, anayekataa amejitambulisha.

Akiba ikitumika kulipa deni, uwezo wa mdhamini wa kukopa unashuka na gawio la mwaka linapungua. Inauma, lakini haigusi chakula cha mwezi.

Ya tatu ni mshahara uliobaki kabla ya kustaafu. Mtu mwenye miezi 14 ya kazi anaweza kuomba sehemu yake igawanywe katika miezi hiyo 14. Chama kitapendelea hivyo mara nyingi, kwa sababu makato ya mshahara ni malipo ya uhakika.

Mkupuo wa kustaafu unakuja wa nne, na pensheni ya kila mwezi haifai kuja kabisa.

Hesabu ya mwalimu

Chukua mwalimu aliye kwenye utaratibu wa zamani wa serikali ya Kenya, anayestaafu akiwa na miaka 60, baada ya miaka 30 ya utumishi, mshahara wake wa msingi ukiwa shilingi 50,000 kwa mwezi. Pensheni huhesabiwa kwa sehemu 1/480 ya mshahara wa mwaka kwa kila mwezi wa utumishi. Miezi 360 mara mshahara wa mwaka wa 600,000, gawanya kwa 480: inapatikana 450,000 kwa mwaka. Akichagua kubadilisha robo kuwa mkupuo, robo hiyo ni 112,500, inazidishwa mara 20, anapokea 2,250,000 kwa mara moja. Kinachobaki ni 337,500 kwa mwaka, yaani shilingi 28,125 kwa mwezi.

Mwalimu huyu amewadhamini wenzake wawili walioacha kulipa, na baada ya akiba zao kutumika sehemu yake imefika 400,000. Riba ya asilimia moja kwa mwezi kwa salio, ambayo ni ya kawaida kwenye mikopo ya SACCO, ni shilingi 4,000 kila mwezi deni likisimama lilivyo. Akilipa 400,000 kutoka kwenye mkupuo, anatoa chini kidogo ya asilimia 18 ya kile alichopokea. Akikubali badala yake kukatwa 14,000 kwa mwezi kwenye pensheni, amebaki na nusu ya kipato chake kwa takriban miaka mitatu, miaka ambayo pengine bado ana mtoto chuoni. Ndiyo maana mtu wa pembeni akiangalia hesabu hii anaegemea kwenye mkupuo, tena baada ya kujadiliana. Deni likizidi sehemu ya tano ya mkupuo, mazungumzo ya awamu yawe ya lazima, na fedha ya awamu hizo itengwe kwenye akaunti ya riba au hati za serikali badala ya kuachwa kwenye akaunti ya matumizi.

Hesabu hiyo ina mtego wa muda. Malipo ya wastaafu wa serikali hayaji siku ya kustaafu. Miezi hupita, na wapo waliongoja zaidi ya mwaka. Anayeahidi kulipa “nikipata zangu” bila kukubaliana riba isimamishwe atakuta deni la 400,000 limeongezeka 40,000 katika miezi kumi. Maneno ya kuomba ni haya: riba na faini zisimame kuanzia tarehe ya barua, na mdhamini alipe salio la msingi tu mafao yakitoka. Vyama hukubali mara nyingi kuliko watu wanavyodhani, kwa sababu mkopo usiolipwa huwaharibia vitabu.

Kwa msomaji wa Tanzania, mkupuo huhesabiwa kwa namna nyingine, na mjadala wa kikokotoo, yaani kanuni ya kukokotoa mafao, umewafundisha watumishi kuhesabu. Kanuni za 2018, baada ya mifuko ya umma kuunganishwa kuwa PSSSF, ziliweka mkupuo wa asilimia 25. Zilipingwa hadi Rais Magufuli akazisimamisha Desemba 2018. Kuanzia Julai 2022 ikawa asilimia 33 kwa wote, na mwaka 2024 serikali ikapandisha hadi asilimia 40 kwa waliokuwa wakipata 50 zamani na 35 kwa waliokuwa wakipata 25. Anayehesabu mafao ya kulipia deni la SACCOS aanze na asilimia inayomhusu yeye, si ile ya kaka yake aliyestaafu 2015. Sheria ya Mikataba ya Tanzania, Sura ya 345, inasema waziwazi mengi ambayo Kenya huyatoa kwenye hukumu za mahakama: kwamba mabadiliko ya mkataba bila idhini humfungua mdhamini kwa yanayofuata, na kwamba ndani ya kila udhamini kuna ahadi ya mkopaji kumrudishia mdhamini alicholipa kihalali.

Siku ya kulipa

Mdhamini asilipe kwa mkono wala kwa simu ya afisa wa mikopo. Alipe kwenye akaunti ya chama, akiandika kwenye maelezo jina la mkopaji, nambari ya mkopo na maneno “malipo ya mdhamini”. Maneno hayo matatu ndiyo yatakayomtofautisha siku ya mahakama na rafiki aliyetoa msaada.

Kabla ya kulipa aombe barua inayosema kiasi kamili kinachomwondoa kwenye deni. Baada ya kulipa aombe nyingine tatu: risiti, barua kwamba udhamini wake umekwisha, na uthibitisho kwamba akiba yake imefunguliwa. Vyama vingine hutoa ya kwanza na kusahau mbili zilizofuata, na mstaafu hugundua miaka miwili baadaye akiba bado imefungwa kwenye mfumo. Akiwa amelipa deni zima, aombe pia kukabidhiwa dhamana yoyote ambayo mkopaji aliweka, kama kuna kiwanja au gari. Anayelipa badala ya mdaiwa huchukua nafasi ya mdai aliyelipwa.

Kwa wale waliotajwa kwenye shirika la taarifa za mikopo, CRB, kila Mkenya ana haki ya kupata taarifa yake bure mara moja kwa mwaka. Ni vizuri kuiangalia mwezi mmoja baada ya kulipa. Deni lililolipwa hubaki kwenye kumbukumbu kwa miaka mitano, ila lazima lionyeshwe kuwa limelipwa, na tofauti hiyo ina maana kwa mstaafu anayetaka mkopo wa pampu ya maji au wa nyumba za kupangisha.

Kumfuata mkopaji

Fedha iliyotoka kwenye mafao inaweza kurudi, japo si yote na si haraka. Mdhamini aliyelipa sehemu kubwa kuliko yake anaweza kuwadai wadhamini wenzake fidia ya kilichozidi. Kwa mkopaji anaweza kudai chote alicholipa. Mgogoro ukiwa kati ya wanachama na ukihusu shughuli za chama, mahali pake ni Jopo la Vyama vya Ushirika, ambalo Sheria ya Vyama vya Ushirika inalipatia mamlaka ya kusikiliza mizozo ya wanachama, na asiyeridhika hukata rufaa Mahakama Kuu ndani ya siku 30. Mahakama za Madai Madogo, zilizoanza kazi Milimani jijini Nairobi mwaka 2021, husikiliza kesi za hadi shilingi milioni moja na zinatakiwa kuamua ndani ya siku 60. Anayeanzia huko ajue kwamba upande wa pili unaweza kuinuka na kusema shauri ni la jopo, kwa hiyo aulizie kwenye masjala kabla ya kulipa ada.

Kabla ya hapo, barua. Iandikwe kwa lugha ya heshima, itaje kiasi, tarehe ya malipo na nakala ya risiti, imtake mkopaji apendekeze namna ya kulipa ndani ya siku 14. Mkopaji aliyepata kazi mpya ana mshahara ambao unaweza kukatwa kwa amri ya mahakama. Aliyestaafu ana pensheni ambayo, kwa sheria ileile iliyomlinda mdhamini, haikamatwi ikiwa ndani ya mfuko, ila ana shamba, ana akiba yake mpya, ana nyumba ya kupangisha Ruiru au Mtwapa. Madai ya mkataba nchini Kenya yana muda wa miaka sita, na kwa mdhamini miaka hiyo huhesabiwa tangu siku alipolipa, si tangu siku mkopo ulipochukuliwa.